Mlevi wa Padri Gérard

Kwa mara ya saba, Léonard Kapya alianguka mtaroni.

"Muzuri sana!" Padri Gérard alipaza sauti nyuma ya kamera. "Sasa tambaa. Bibi yako anakuona, analia."

Léonard akatambaa. Alikuwa karani wa ghala, na maishani mwake hakuwahi kuonja pombe. Lakini katika filamu ambazo Padri aliwatengenezea wafanyakazi wa Élisabethville, katika Kongo ya Wabelgiji, mlevi alikuwa yeye siku zote: aliyeuza sufuria za mkewe, aliyelala misani, aliyefukuzwa kazi. Mume mwema mwenye suti alichezwa na mtu mwingine.

"Hakuna anayeanguka kama weye," Padri alimwambia kila alipoomba kubadilishiwa nafasi.

Filamu zilionyeshwa Jumapili kwenye ukuta wa misheni, na cité nzima, mtaa wa Waafrika, ilicheka. Sokoni wauza samaki walimwita Mulevi. Binti yake Germaine alirudi kutoka shuleni akilia.

"Baba Germaine, acha hii mambo," mkewe Albertine alimsihi. "Bantu banasadiki ni kweli."

"Ni muchezo tu, mama. Mwenye akili anajua."

Mwaka 1951 aliomba kadi ya mérite civique, ile waliyopewa Waafrika walioonekana kuishi "kistaarabu". Mwenye kadi hiyo hakuchapwa kiboko. Léonard alikwisha kuchapwa mara moja, kwa kusahau karatasi zake nyumbani, na Germaine alikuwa amesimama pale akitazama.

Wazungu watatu wa tume ya kadi hiyo wakaja kukagua nyumba. Walifunua vitanda, wakafungua kabati, wakachungulia choo. Waliuliza vitabu ni vya nani. Germaine aliwasomea gazeti la Kifaransa bila kukwama hata mara moja. Albertine alitandika kitambaa cheupe alichokidarizi mwenyewe, akaleta keki. Léonard akamimina chai. Hakuna tone lililomwagika.

Mwenyekiti alikuwa akimkodolea macho tangu mlangoni. Ghafla akapiga paja.

"Ni weye! Mulevi wa Padri!"

"Ndiyo, Bwana," Léonard alijibu kwa utulivu. "Katika filamu."

Wageni wakatazamana, wakatabasamu. Kuanzia hapo hawakuuliza tena maswali makali. Walikula keki, wakamsifu Albertine, wakampapasa Germaine kichwani. Mmoja alishika uma, akaugeuzageuza kwenye mwanga, akacheka kwa furaha. Chini ya meza Albertine aliutafuta mkono wa mumewe, akaubana.

Mwishowe mwenyekiti alisimama, akaanza kupiga makofi. Wenzake nao wakapiga.

"Bravo, Léonard! Filamu zako nimeziona zote, lakini leo umejipita mwenyewe." Akachukua kofia yake. "Haya, sasa tupeleke ku nyumba yako ya kweli."