Mikunjo Mitatu

Mwanga kwenye kipimo ulishuka mara tatu, ukatulia, ukashuka tena mara tatu.

Herizo akaweka chini kikombe cha kahawa. Kebo ile kuukuu ya faiba ilikuwa inang'olewa mji mzima wa Antsirabe, haina mteja hata mmoja. Iliachiwa mwanga kwa ajili ya mafundi tu. Fundi akiwa shimoni hakati kwa kubahatisha: huukunja uzi wa kebo mara tatu, na aliyeko kituoni akiona mwanga unashuka humwambia, ndiyo hiyo, kata.

Lakini leo hakuna aliyeshuka shimoni. Mafundi wote walikuwa wanamtafuta mwenzao Tahina, aliyetoweka jana mchana akiwa kazini.

Mkewe, Voahangy, alikuwa ameketi kwenye ngazi za kituo, mtoto mgongoni, vitumbua vimepoa pembeni yake. Herizo ndiye aliyemnunulia. Ndiye pia aliyezunguka hospitali zote na kugombana na polisi. Watu walisema rafiki wa namna hiyo hapatikani siku hizi.

Kipimo kilitaja mwanga unapovujia: mita 1,840. Herizo akaifuata ramani kwa kidole hadi shimo la kumi na mbili, mbele ya soko. Barabara ile ilimwagwa lami jana jioni, kifuniko cha shimo kikafunikwa humo humo. Hakuna aliyewaza kumtafuta Tahina huko, kwa sababu wenye lami hawamwagi kitu mpaka fundi ashuke kila shimo, aangalie, kisha atie sahihi kwamba halina mtu. Na sahihi ilikuwepo.

Mara tatu tena, polepole kuliko mwanzo. Maskini wa Mungu, alikuwa hai kule gizani, anakunja uzi kwa vidole.

Herizo akasimama ghafla, kiti kikaanguka. Voahangy akachungulia mlangoni.

"Shemeji, kuna habari?"

"Ngoja kwanza, shemeji. Nampigia bosi."

Bosi Ratsimba alipokea papo hapo, sauti imemkauka. Akauliza kama kuna lolote.

"Ni ile kebo kuukuu, bosi," Herizo akasema. "Kipande cha sokoni tukiache huko huko chini. Tusije tukaharibu lami ya watu."

Bosi akaguna, akasema na aizime basi, kichwani mwake yumo Tahina tu siku ya leo.

Jana mchana mvua ilikuwa kubwa, na Herizo alitia sahihi mashimo yote kumi na manne akiwa mkahawani, bila kulowesha hata kiatu.

Akachomoa uzi kwenye mtambo. Ncha yake akaifuta kwa kitambaa safi, kama walivyofundishwa, akaivika kifuniko vumbi lisiingie. Kisha akatoka kumbembeleza Voahangy ale japo kitumbua kimoja.