Chui Alipotoka Bila Koti

Usiku wa manane mlango wa Kanga ulikwaruzwa, naye akawakusanya vifaranga wake chini ya mbawa. Tangu Chui apewe uwaziri wa usalama, kila mwenye madoadoa akikutwa nje usiku hukamatwa, ati ni wa genge la Fisi wavunja nyumba. Mumewe Kanga alikuwa rumande tangu juzi, kisa alitoka kuwatafutia watoto kumbikumbi.

"Mama Vifaranga, nifungulie, ni mimi Waziri," sauti ilinong'ona. "Nimetoka bila koti, na askari wangu wanaona madoadoa tu, wananifukuza."

Kanga akamvutia ndani, akamsukuma kitandani, akamfunika shuka gubigubi, vifaranga wakamkalia juu. Mbwa askari wakachungulia.

"Nani huyo anatetemeka?"

"Mama mkwe, afande. Ana homa, na inaambukiza vibaya."

Wakaondoka upesi. Chui akachomoza kichwa. "Kukicha naifuta ile amri, na mumeo anarudi. Ila haya ya shuka yasitoke humu ndani."

"Naapa, Mheshimiwa," alisema Kanga. "Nikishamsimulia baba watoto, simwambii mtu mwingine."