Sekunde Kumi na Moja za Remba

"Rudisha tena," mama wa kiti cha nyuma alisema, kwa mara ya nne.

Boaz akarudisha. Filamu ilikuwa imekwisha na watazamaji wengine walishatoka kwenye ukumbi wa kanisa hapo Homa Bay, wengi kabla ya jina lake, mpiga picha, kutokea. Alikuwa amezoea. Miaka tisa kwenye sinema, filamu tatu, na kule nyumbani Uriri mamake bado aliwaambia majirani kwamba mwanawe hupiga picha za pasipoti. Boaz hakubisha. Harusi na matanga ndiyo yaliyomlisha.

Lakini huyu mama, aliyejitambulisha kama Filister, alikuwa ameganda akiutazama ukuta.

Alichotaka ni ile picha ya kisiwani Remba. Sekunde kumi na moja tu: mwigizaji analia ufuoni, nyuma yake watu wanaanika omena, dagaa wa ziwani. Mwongozaji aliagiza huko nyuma kufifie. Boaz, kwa woga, akasahau kugusa lenzi, na kila kitu kikatoka wazi. Baadaye alijitetea kwamba huo ndio mtindo wake. Aliurudia uongo huo hadi akauamini mwenyewe.

"Umepiga vizuri, kijana wangu," Filister alisema. "Mtu anaonekana mpaka pengo la meno."

Boaz akamsogelea. Miaka tisa akimsubiri mtu mmoja wa kumwelewa, kumbe yuko hapa, na leso yake kichwani.

"Asante, mama. Unajua, mwanga wa ziwa una tabia zake..."

"Uliipiga lini?"

"Mwaka jana. Aprili."

"Si zamani zaidi?"

"Mpya kabisa!" alisema, akiumia kidogo. Hakuwa wa kwanza kumwambia kazi yake inaonekana ya kizamani.

"Simamisha hapo."

Alisimamisha, akijipanga kueleza machozi ya mwigizaji yalivyomtoa jasho. Filister akainuka, akatembea polepole hadi ukutani. Akampita mwigizaji. Akaweka kidole juu ya mwanamume mmoja kati ya waanika omena, aliyekuwa akicheka, mtoto mabegani.

"Huyu ni bwanangu," alisema. "Tulimzika mwaka juzi. Ziwa lilikataa kutoa mwili, tukaweka tunda la yago kwenye jeneza badala yake, kama mila yetu inavyotaka."