Mafundo Matatu

"Jeupe au la bluu, mama?" muuzaji aliuliza. "Yote bei moja. Lakini hili jeupe, haki ya Mungu, halijawahi hata kukwaruzwa."

Binti wa mama huyo alikuwa ameshakaa kwenye usukani wa lile gari jeupe, uso umemchanua, akijiona anakwenda nalo kazini kila siku.

Mama alikuwa fundi wa viti vya magari. Kwa mazoea tu, alipenyeza mkono chini ya kiti cha dereva. Vidole vikagusa mafundo matatu ya uzi mnene, yamepangana kama shanga. Fundi aliyefunga hivyo alikuwa mmoja tu: yeye.

Mwaka jana aliletewa kiti hiki kimelowa damu. Alisema sponji ibadilishwe. Aliyekileta akamjibu, "Funika kombe, fundi, mwanaharamu apite." Akafunika kwa kitambaa kipya, wala hakuuliza kama dereva alipona.

"Shuka," alimwambia bintiye.

Akatoa wembe wake wa kufumulia, akapiga magoti.

"Wewe mama! Hilo gari la watu!" muuzaji alifoka.

"Gari ni lenu," alisema, akikata fundo la kwanza. "Uzi ni wangu."