Nakala ya Koplo Mwadime

Kila Juni jeshi lilimletea Mghoi nakala ya mumewe, Koplo Mwadime, ije ijaze ritani yake ya kodi wakati mwenyewe yuko vitani. Ilikuwa na sura ile, sauti ile, hata alama ya gumba. Sheria iliitaka imrudie mwenyewe jioni hiyohiyo, mradi bado yu hai. Kwa hiyo Mghoi hakuipikia wala kuizoea. Nayo ilimwita “madamu” tu.

Mwaka huu ilibonyeza gumba, ritani ikaenda. Mghoi akaifungulia mlango.

“Haya, nenda salama. Nisalimie Baba Wakesho.”

Nakala haikuondoka. Iliinama, ikaanza kulegeza kamba za buti.

“Mama Wakesho,” ikasema taratibu, “leo tunakula nini?”