Hakuna Anayechuma Mbigili

Mgeni aliuliza jina ambalo halikuwa limetamkwa mlimani pale tangu siku ya ubatizo.

"Namtafuta Justa," alimwambia Dorcas, jirani, aliyekuwa akianua nguo. "Ni binti mdogo."

"Justa?" Dorcas alicheka. "Dada yangu, majina mazuri hivyo katafute Butimba kwa walimu. Hapa kwetu ni mawe na mbuzi tu."

Bibi Ng'washi, aliyekuwa akigeuza dagaa juu ya jiwe, alisikia yote. Akawaacha dagaa palepale.

Jina hilo walilijua watu wachache: yeye, mwanawe Pius aliyekuwa machimboni Geita, mkwewe Rebeka, na padri ambaye walikwisha kumzika. Mwenye jina mwenyewe hakulijua.

Watoto wa kwanza wa Rebeka walipewa majina mazuri na wakaitwa kwa majina hayo. Walipougua walipelekwa hospitali, wakarudishwa wamefungwa kanga. Alipozaliwa Justa, Ng'washi alifanya walivyofanya mama zake: alitafuta jina lisilotamanika. Mlangoni palikuwa na mbigili iliyomchoma mkunga alipokuwa anatoka.

"Kifo hupita kama mtu shambani," alimwambia mkwewe. "Huchuma alichokipenda. Mbigili hakuna anayeinama kuichuma."

Mtoto akawa Mbigili, na kila mtu akalitumia jina kwa namna yake. Kwa Shimba, fundi baiskeli wa barabarani kuelekea Igoma, lilikuwa jina la riziki, kwa kuwa mbigili ndiyo iliyomtobolea matairi ya wateja. "Karibu, bosi wangu!" alimwita kila alipomwona. Dorcas alilitumia kumtania Ng'washi: "Shoga, gugu lako limeamkaje?" Watoto wenzake walilifanya mchezo. Walimgusa, wakapiga kelele "Imenichoma!" na kutimua mbio, wakijua hawezi kuwafuata.

Hakuweza. Tangu masika midomo yake ilikuwa imegeuka rangi ya zambarau, na usiku alikaa kitako akiitafuta pumzi. Rebeka alitaja hospitali. Ng'washi alikataa katakata. Huko majina huitwa kwa sauti, na anayesikiliza hajulikani.

Asubuhi hiyo Rebeka alikuwa ametoka na nguo za kanisani, akisema anakwenda Magu kununua mchele.

Sasa mgeni alikuwa akipanda. Ng'washi aliingia ndani, akamfunika mtoto kanga hadi puani, akampakata kizingitini.

Mgeni alikuwa mwanamke mrefu, mwembamba, hana kikapu wala mkoba. Jua lilikuwa la utosi, lakini hakutoka jasho.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba."

Mkono wake ulikuwa wa baridi, na ulikuwa na harufu ambayo si ya sabuni wala ya marashi. Alipopewa maji alishukuru, hakunywa.

"Nimetumwa kumchukua Justa," alisema.

"Umetumwa na nani?"

"Wakubwa wangu. Wamemchagua yeye. Wanamsubiri."

"Kwani kakosa nini?"

"Hajakosa kitu, bibi." Sauti yake ilikuwa ya upole mno. "Wala hataumia. Atalala tu, hatasikia chochote."

Ng'washi alimkaza mtoto kifuani. Moyo mdogo ulikuwa ukigonga ovyo, kama ndege ndani ya tenga.

"Na huyu?" mgeni aliuliza.

"Huyu ni Mbigili. Ana mafua."

Mgeni alichuchumaa. "Mtoto mzuri, unaitwa nani hasa?"

"Mbigili," sauti ilitoka ndani ya kanga. "Ukinigusa nakuchoma."

Mgeni alitabasamu, kisha akaitazama ile kanga inavyopanda na kushuka. Ng'washi alikohoa kwa nguvu ili kuifunika ile pumzi.

"Nafasi yake ni leo tu," mgeni alisema akiinuka. "Nisipompata, itabidi nimchukue mwingine. Yupo mmoja wa Butimba."

"Mchukue huyo wa Butimba!"

Maneno yalimtoka Ng'washi kabla hajayashika. Mgeni aliinamisha kichwa, akateremka, akapotea nyuma ya mawe bila kishindo.

Ng'washi alibaki kizingitini. Alimfikiria mama wa Butimba, asiyemjua, ambaye jioni hiyo angelia. Akapiga ishara ya msalaba na kumwombea. Halafu furaha ikamzidi. Alimwinua mtoto juu, akamzungusha uani.

"Kimekuruka, mjukuu wangu! Kimekuona, kikakuruka!"

Mbigili alicheka hadi pumzi zikamwishia, ikabidi alazwe mkekani.

Jua lilipoanza kuinamia ziwa, Dorcas alikuja mbio na simu mkononi. "Shoga, pokea! Rebeka anapiga kwa simu ya kuazima."

Sauti ya Rebeka ilikuwa imejaa kicheko na machozi.

"Mama, nisamehe, sikwenda Magu. Niko hospitali, nimetoka kutolewa damu ya kumwongezea. Kuna madaktari wageni wanaotengeneza mioyo ya watoto, wanaondoka usiku huu, na mtoto wa mwisho wamemchagua wa kwetu! Niliwapa jina la ubatizo kama lilivyo kwenye cheti, nesi akatumwa huko mlimani kumchukua. Kitanda chake kimepita sasa hivi, nimeona nyayo tu, nikazipungia mkono. Mama, alilia sana alipoondoka?"