Machozi ya Stoo

Kila filamu ya historia aliyoihariri Shekue ilikuwa na mwanamke yuleyule akilia. Kipande hicho cha picha alikiokota stoo, hakina jina wala tarehe, akakitia kwenye njaa, kwenye vita, kwenye tauni. Machozi yale hayakukataa kazi.

Siku alipokuwa akikitia kwenye filamu ya mafuriko, mgeni, mama wa makamo, alisimama nyuma ya kiti chake akanyooshea kioo cha kompyuta kidole.

"Huyo mama yangu. Alikuwa analia kwa furaha, harusini kwangu. Mtaani walimwita Mama Njaa mpaka anaingia kaburini."

"Sikujua, dada."

"Uliuliza?"

Shekue akakikata kipande. Katikati ya mafuriko pakabaki weusi mtupu.

Mtayarishaji akachungulia mlangoni. "Mbona hapa hakuna anayelia?"

Kisha akamwona mgeni, mashavu yamemlowa. Akarudi nyuma taratibu, bila kumwondolea macho, akanong'ona, "Leteni kamera."